Jina la Kanga na Jina la Mtu: Maneno Machache juu ya Kazi za Lubaina Himid

Mwanamke wa pwani atakapo kununua kanga hutazama rangi yake, na pindo lake, na mji wake, na kisha husoma jina. Neno hili jina latupasa kulifikiri. Maneno yaliyoandikwa penye kanga ni usemi mzima, aghalabu methali au fumbo, kama Wema hauozi, au Hasidi hana sababu. Lugha ingaliweza kuyaita maandishi, au usemi, au neno la kanga, na yeyote angalifahamu. Walakini Waswahili waliyaita jina, kana kwamba nguo ni mtu aliyezaliwa akapewa jina lake, na kana kwamba isiyo na jina haijulikani ni ya nani wala yasema nini.

Kiingereza hakina neno moja lichukualo maana hizi mbili pamoja. Kwa sababu hiyo mtazamaji asiyejua Kiswahili, akizikuta kazi za msanii Lubaina Himid, ni rahisi azitenge: huku kazi alizozifanya kwa mfano wa kanga, huku kazi zake juu ya majina ya watumwa, kama vyumba viwili vyenye milango mbali mbali. Sisi tusemao Kiswahili twaweza kuona kwamba chumba ni kimoja. Nia yetu hapa ni kuyaonyesha hayo, na kusema pia ni wapi kazi hizo zimefaulu, na ni wapi, kwa maoni yetu, hazijafika.

Lubaina Himid alizaliwa Unguja mwaka 1954, nchi ikiwa chini ya Sultani na ulinzi wa Waingereza. Baba yake alikuwa mtu wa huko. Mama yake Mwingereza, na kazi yake ilikuwa kubuni nakshi za vitambaa. Baba alikufa kwa malaria, mtoto akiwa na umri wa miezi minne tu, na mama akamchukua kwenda naye Uingereza, akalelewa huko. Alisomea ufundi wa kupamba majukwaa ya michezo ya kuigiza katika chuo cha Wimbledon, na mwaka 1984 akapata shahada ya historia ya utamaduni katika Royal College of Art ya London. Mtu akizijua elimu hizi mbili hatastaajabu aonapo kwamba picha za Himid hazikai ukutani kwa utulivu kama picha nyingine, bali mara nyingi hukatwa katika mbao na kusimamishwa sakafuni kama wachezaji jukwaani. Wala hatastaajabu kwamba karibu kila kazi yake ina daftari, au gazeti, au hati ya kale nyuma yake. Katika miaka ile ile alikusanya pia kazi za wanawake weusi wenzake na kuzionyesha watu, kama katika maonyesho ya Five Black Women ya mwaka 1983 na The Thin Black Line ya mwaka 1985, wakati ambapo majumba makubwa ya sanaa hayakuwa tayari kuwafungulia mlango. Mwaka 2017 alipewa Tuzo ya Turner, mwanamke mweusi wa kwanza kuipata, naye ana miaka 63. Kabla ya mwaka ule sharti la tuzo lilimkataza mtu aliyepita miaka 50. Lisingaliondolewa, asingaliipata kabisa. Watu husema heshima ilimfikia kwa kuchelewa. Twaona ni haki zaidi kusema kwamba waliochelewa ni wao.

Sasa tuishike kanga yenyewe, maana pasipo kujua asili yake hatuwezi kupima alichokifanya nayo.

Wako wasemao kwamba kanga ni urithi wa mababu tangu kale. Maneno hayo yana nusu ya kweli. Wanawake wa Unguja na Mombasa walikuwa wakinunua leso, neno ambalo asili yake ni Kireno, zije zikiwa hazijakatwa moja moja, wakazishona sita pamoja, tatu juu na tatu chini, hata zikawa nguo moja. Katika miaka ya mwisho ya karne ya kumi na tisa wafanyabiashara wakaagiza nguo ile ichapwe nzima, na madoadoa yake yakawakumbusha watu ndege yule kanga. Kuchapwa kwake hakukuwa hapa. Zilichapwa Uingereza, na Uholanzi, na Uswisi, na baadaye Ujapani na Uhindi. Kanga za kwanza hazikuwa na maneno. Maneno yalikuja mwanzoni mwa karne ya ishirini, na aghalabu hutajwa mfanyabiashara wa Mombasa, Kaderdina Hajee Essak, ambaye nguo zake zilijulikana kwa alama ya Mali ya Abdulla, kuwa ndiye aliyeyaanzisha. Yaliandikwa kwanza kwa herufi za Kiarabu, kisha kwa herufi za Kirumi, na mara nyingine yamefika na makosa ya herufi, kwa kuwa aliyeyachapa hakujua asemalo. Pamba basi ilikuwa ya ng'ambo, na rangi ya ng'ambo, na mashine ya ng'ambo. Kilichokuwa chetu ni jina, na desturi ya kulitumia.

Na desturi hiyo ni hii, kwamba jina la kanga husema pasipo mtu kusema. Mwanamke huivaa akapita mbele ya jirani aliyemkosea, wala hafungui kinywa. Jirani akikasirika, jibu li tayari: "Nguo hii nimeinunua dukani, bibi, kama wenzangu." Nguvu ya jina haimo katika maneno, maana maneno yale yale yamevaliwa na watu elfu. Imo katika mvaaji, na katika yule alengwaye, na katika majirani wanaoujua ugomvi ulio kati yao. Mwanamke aliyepewa kanga na mumewe huisoma mara mbili, mara ya kwanza dukani au mkononi, mara ya pili moyoni. Tena yafaa kukumbuka mahali maneno yanapokaa: mvaaji akijifunga kiunoni, jina huangukia nyuma. Husomwa mwenyewe amekwisha kupita.

Himid ameitumia kanga mara nyingi. Ziko karatasi alizozichora kwa mfano wake na kuziita kanga za kitabu cha sampuli kilichopotea. Na hapa amegusa jambo la kweli, kwa kuwa kanga zilianzia katika vitabu vya sampuli vya wafanyabiashara, na vingi vya vitabu hivyo havipo tena. Ziko pia nguo kubwa alizozionyesha mwaka 2018 katika jumba la BALTIC mjini Gateshead, maonyesho yaliyoitwa Our Kisses are Petals. Nguo hizo zina pindo, na mji, na maneno mahali pake. Ila maneno ni ya Kiingereza, yametolewa kwa waandishi weusi, miongoni mwao James Baldwin, Audre Lorde na Essex Hemphill.

Wako watakaomlaumu kwa sababu ya Kiingereza. Sisi hatumlaumu kwa hilo. Nguo iliyochapwa Manchester kwa Kiswahili haiwezi kukataa kuandikwa Kiingereza na mzaliwa wa Unguja anayekaa Preston. Lawama yetu ni nyingine. Maneno ya washairi aliyoyachagua ni mazuri, lakini ni maneno ya wazi. Husema kwa sauti kuu, kwa watu wote, kwa mara moja. Hayana jirani. Mtu akiyasoma hawezi kujiuliza kama amelengwa yeye au mwenzake aliyesimama kando, na kujiuliza huko ndiko kunakoifanya kanga kuwa kanga. Tena hayana mvaaji. Kanga iliyotundikwa juu ni bendera, na bendera haina fumbo.

Jambo moja la Gateshead limetupendeza, walakini. Nguo zilitundikwa kwa kamba na kapi, na mtazamaji aliruhusiwa kuzipandisha na kuzishusha, hata maneno ya nguo hii yakafuatana na maneno ya ile kwa namna aliyoitaka mwenyewe. Hapo mtazamaji amefanywa kidogo kuwa mvaaji: amechagua neno lipi lionekane na lipi lifichwe, na atakayeingia baada yake hatajua nani alilipanga, wala kwa ajili ya nani. Ni kidogo, lakini ni njia iendayo mahali pake.

Michoro yake ya mwaka 1999, aliyoipa jina la Zanzibar, hatutaikalia. Ni michoro ya kumbukumbu na ya maji, na kila mmoja ni turubai mbili zilizowekwa bega kwa bega. Mswahili akiitazama ataona doti kabla hajaona kitu kingine. Hatudai kwamba msanii alikusudia hivyo. Twasema tu kwamba jicho la huku huona hivyo, na kwamba picha hizi, zisizo na neno hata moja juu yake, kwetu zina kanga nyingi kuliko zile zenye pindo na maandishi.

Kazi yake ya sahani yastahili maneno zaidi. Mwaka 2007, Uingereza ilipokumbuka miaka 200 tangu sheria ya kukataza biashara ya watumwa, Himid alikusanya vyombo 100 vya mezani, sahani na mabakuli na magudulia, vilivyokwisha kutumiwa na watu wengine, akachora juu yake, akavipanga katika nyumba ya makumbusho iitwayo Judges' Lodgings mjini Lancaster. Kazi hiyo yaitwa Swallow Hard, yaani Meza kwa Nguvu. Lancaster leo ni mji mtulivu, na wageni wengi hawajui kwamba katika karne ya kumi na nane ulikuwa bandari ya nne ya Uingereza kwa ukubwa wa biashara hiyo. Juu ya vyombo hivyo mna nyuso za watumishi wa Kiafrika, zimechorwa kwa upole na heshima. Mna merikebu na nyumba za mji. Na mna mabwana na mabibi matajiri, na wengine wao wanatapika kwa kufikiri hasara itakayowapata biashara ikifungwa. Uchoraji huu ni wa kikaragosi, wala hauoni haya kuwa hivyo. Tumependezwa na ushujaa wa kuchora juu ya sahani ambayo ina ua lake tayari na ukingo wake wa dhahabu: ua la kale halikufutwa, bali limeachwa lionekane kando ya uso mpya. Kadhalika imetujia fikira ya makaburi ya kale ya pwani, kama yale ya Kunduchi, ambamo sahani na mabakuli ya Kichina yalijengewa katika kaburi lenyewe. Himid hakuitoa kazi yake huko, kwa kadiri kazi inavyojieleza. Lakini watu wa pwani hawahitaji kufundishwa kwamba sahani yaweza kumkumbuka maiti.

Sasa tufike kwa kazi ambayo ndiyo hasa iliyotutia kuandika. Yaitwa Naming the Money, na kwa Kiswahili chetu twaweza kusema Kuipa Fedha Majina. Ilionyeshwa kwanza mwaka 2004 katika Hatton Gallery mjini Newcastle, na sasa ni mali ya makumbusho ya Liverpool, mji ambao merikebu zake zilichukua watumwa wengi kupita wa bandari nyingine zote za Uingereza.

Katika picha za zamani za Ulaya, za wafalme na mabwana wakubwa, huonekana mara nyingi pembeni Mwafrika mmoja amevaa vizuri, ameshika mbwa, au sinia, au mwavuli. Bwana ana jina, na jina lake limeandikwa chini ya picha. Mbwa naye, mara nyingine, jina lake lajulikana. Mwafrika hana. Amewekwa pale kama kikombe cha dhahabu kilivyowekwa, ili mtazamaji ajue kwamba mwenye nyumba ana fedha. Himid amewatoa watu hao katika pembe za picha na kuwasimamisha katikati ya chumba. Amechora sanamu 100 za mbao, kila moja kimo cha mtu, nao ni wa kazi kumi, watu kumi kwa kila kazi: wapiga ngoma, wachezaji, wafinyanzi, waganga wa mitishamba, wachora ramani, wachora picha, washona viatu, wafunza mbwa, mafundi wa vitu vya kuchezea watoto, na wapigaji wa kile kinanda cha nyuzi kiitwacho viola da gamba. Wamevaa rangi kali za kupendeza, njano na buluu na waridi, na hakuna aliyefanana na mwenzake. Mtazamaji aingiapo hudhani amefika arusini.

Kisha hupita nyuma yao. Mgongoni mwa kila mmoja imebandikwa karatasi ya hesabu, ya namna itumiwayo na watu wa biashara, na juu yake yameandikwa maneno yake mwenyewe, kauli tano fupi. Katika ya kwanza asema jina lake. Katika ya pili asema jina ambalo hao waliomnunua wamempa. Katika ya tatu, kazi aliyoifanya kwao. Katika ya nne, kazi anayoifanya sasa. Na katika ya tano asema kitu kimoja alicho nacho hata leo, aghalabu kitu kidogo sana, ambacho hawakuweza kumnyang'anya. Sauti pia husikika chumbani, ikiyasema maneno hayo mmoja baada ya mmoja, pamoja na muziki.

Msomaji ameona tunakokwenda. Mbele ni sherehe na nyuma ni hesabu. Mbele ni rangi na nyuma ni jina. Na jina halisomwi ila na mtu aliyekubali kuzunguka. Hapa hapana pindo wala mji, wala hapana kitambaa kilichochapwa, na bado desturi ya kanga imekuja yote. Yuko mvaaji, maana maneno yako mwilini mwa mtu. Yuko alengwaye, maana mtazamaji wa Newcastle au wa Liverpool hawezi kusoma karatasi ya hesabu mgongoni mwa mtu asijiulize fedha ile ilikwenda katika nyumba zipi. Na liko fumbo, kwa kuwa hakuna hata mmoja wao anayemlaani mtu. Mwanamke aliyekuwa mfinyanzi kwao asema alifinyanga nini, na asema anafinyanga nini sasa, na asema ana nini. Msomaji ndiye anayejumlisha.

Juu ya kauli ya tano pana ubishi. Mtu aweza kusema kwamba faraja ile imetiwa ili mtazamaji wa Kizungu apate kwenda nyumbani akalale. Sisi hatuoni hivyo. Faraja ambayo bwana amempa mtumwa ni sehemu ya mshahara wa bwana. Lakini faraja hizi bwana hazijui, na kama angalizijua angaliziandika katika hesabu upande wa faida. Ni kweli, hata hivyo, kwamba kauli tano zile zile zikirudiwa mara 100 huchosha sikio. Mtu akifika wa thelathini au wa arobaini huanza kutazamia kila kitakachosemwa. Huenda msanii alilitaka hilo, maana daftari nalo huchosha. Lakini twadhani watu 60 wangalitosha, na kila mmoja angalikumbukwa zaidi.

Tungaliweza kuishia hapo, tukamsifu, tukasema mzaliwa wa Unguja amewafundisha Waingereza habari zao. Lakini jambo hili latugusa sisi wenyewe. Soko la watumwa la Unguja halikufungwa ila mwaka 1873, na hali ya utumwa haikuondolewa katika sheria ya Unguja na Pemba ila mwaka 1897. Tena masuria walingoja mpaka mwaka 1909. Na huku pia watu walipewa majina. Soma habari za misafara iliyokwenda bara katika karne ya kumi na tisa, na miongoni mwa wapagazi na askari utawakuta akina Baraka, na Mabruki, na Faraji, na Almasi. Ni majina mazuri, na leo wako watu huru wengi wenye majina hayo waliyopewa kwa upendo. Lakini katika kinywa cha mnunuzi maana yake ilikuwa nyingine: baraka ya nani, na faraja ya nani? Mtu aliitwa kwa furaha ya aliyemnunua.

Sidi Mubarak Bombay, yule aliyefuatana na Burton na Speke mwaka 1857 na baadaye na Stanley, alikuwa Myao. Alitekwa akiwa mtoto, akauzwa Kilwa, akachukuliwa mpaka Gujarati katika Uhindi. Bwana wake alipokufa akawa huru, akarudi pwani ya Afrika. Alikufa mwaka 1885. Jina lake ni jina la mji ulio ng'ambo ya bahari. Jina alilopewa na wazazi wake Uyao halikutufikia. Na mwimbaji yule mkubwa wa Unguja, Siti binti Saad, alipozaliwa Fumba miaka ya 1880 aliitwa Mtumwa. Jina la Siti, ambalo maana yake ni bibi mwenye heshima, lilikuja baadaye pamoja na sauti yake. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kutia sauti hiyo katika sahani za santuri, na akiwa na jina la Siti ndipo alipojulikana pwani nzima.

Wala wamisioni hawawezi kujitoa katika habari hii. Watumwa waliookolewa baharini na kuletwa Freretown, na Mbweni, na Bagamoyo, walipewa majina mapya pia. Kitabu cha James Mbotela kiitwacho Uhuru wa Watumwa, kilichochapishwa mwaka 1934, chasimulia habari za watu wa Freretown. Majina hayo mapya yalitolewa kwa nia njema, na wengi waliyapokea kwa furaha. Lakini katika kauli tano za Himid yangaliingia katika kauli ya pili, pamoja na Baraka na Mabruki, wala si katika ya kwanza. Yafaa kulisema hilo wazi.

Liko jambo moja zaidi, nalo larudi katika nguo. Wanawake watumwa wa Unguja walivaa merikani, au kaniki, ile nguo nyeusi isiyo na pambo. Baada ya mwaka 1897 wengi waliitupa kaniki na kununua kanga, ili asiwepo awezaye kuwatambua kwa mavazi yao kwamba walikuwa watumwa. Basi kanga ilikuwa kwao kama jina jipya, na safari hii wamejipa wenyewe, kwa fedha yao, dukani. Miaka michache baadaye nguo ile ikaanza kuandikwa maneno.

Hapa ndipo tunapoona pengo katika kazi tulizozieleza. Himid anayo kanga, na anayo majina ya watumwa, lakini kanga ameikabidhi kwa washairi wa Marekani, na majina ameyakabidhi kwa watumishi wa mabwana wa Ulaya. Kisiwa ambacho mambo hayo mawili yalikutana katika mwili wa mwanamke mmoja kimebaki katika michoro ya maji ya mwaka 1999, kisichosema. Hatumlazimishi. Msanii husema kutoka pale anaposimama, na Lancaster na Liverpool zilikuwa na haja ya kuambiwa. Lakini msomaji wa Unguja au wa Mombasa asiifurahie kazi ya sanamu 100 kana kwamba ni deni la wengine peke yao.

Twataka kuongeza neno la lugha, kwa faida ya yeyote atakayejaribu kuzifasiri zile kauli tano. Shida haiko katika kauli ya tatu wala ya tano, kama mtu angalivyodhani, bali mwanzo kabisa. Mswahili akiulizwa jina lake hujibu, Naitwa Juma, au Naitwa Mwanaisha. Hasemi ni nani amwitaye. Lugha yetu imelificha hilo katika kitenzi, na kwa mtu huru hakuna madhara, kwa kuwa wanaomwita ni watu wake. Lakini neno hilo moja likitumiwa hapa litaziunganisha kauli ya kwanza na ya pili, na kazi yote itaharibika. Mfasiri hana budi kuandika katika ya kwanza, Jina langu ni. Na katika ya pili, Wao huniita. Wala asilitupe lile neno wao kwa kudhani limezidi. Neno naitwa aliweke akiba kwa ajili ya watu wa namna ya yule Myao, ambao kauli yao ya kwanza imepotea, na hesabu yao huanzia katika ya pili: Naitwa Bombay.